Bei ya Magadi, Alhamisi

Kila Alhamisi, saa nne, kabla chai haijapoa,
nawapigia simu wauza magadi wa nchi hii.
Si magadi ya kande, mama, si kile kibonge cha kulainisha kunde.
Haya ni tani kwa tani, meupe kama sembe,
yanayokwenda kuwa sabuni, kuwa chupa, kuwa dirisha la basi.

Bwana Hesketh wa Winnington huanza na mvua.
Akiimaliza mvua huingia kwenye gesi:
gesi imepanda, chokaa imepanda, dereva anataka nyongeza.
"Andika mia tatu na kumi, na hapo nimekuonea huruma."
Najua wiki hii ameuza kwa mia mbili tisini na nane.
Anajua kwamba najua.
Tunaagana kwa adabu.

Kisha Bi Oldroyd, wa tanuri la chupa kule Barnsley.
Hukohoa kwanza, kama mtu aliyekuja kukopa.
Kwake kila kitu kimeshuka;
kuna meli ya Kituruki Liverpool, imeshona, bei ya kutupa.
"Mia mbili themanini, tena kwa kusitasita."
Meli hiyo nimeitafuta kwenye orodha ya bandari. Haimo.
Au haijafika. Au ilikwisha kwenda.

Kwa hiyo nalipwa mshahara
kusimama katikati ya waongo wawili waungwana
na kuonyesha kwa kidole mahali mpira ulipotokea.
Naandika: mia mbili tisini na tano. Imara.
Neno hilo nalipenda. Halidai ushahidi.

Northwich yenyewe haikuwahi kuwa imara.
Imekaa juu ya chumvi. Wanasimulia kwamba zamani
waliifyonza kwa maji hadi nyumba zikainama,
duka likazama mlango, wateja wakaingilia dirishani.
Ofisi yetu iko juu ya kinyozi,
na penseli ikianguka hubingirika
upande wa mto Weaver, siku zote upande huo.

Mwaka jana mstari wa bei ulikwea kama mtu anayefukuzwa na mbwa.
Hesketh akanunua gari.
Nikaandika kwenye maoni ya soko:
kupanda mchongoma, kushuka ndio ngoma.
Mkubwa wangu akauliza mchongoma ni nini,
na unauzwa kwa tani?

Oktoba hakuna aliyenunua.
Wiki tatu, kila simu: subiri, subiri.
Lakini kisanduku cha bei hakikubali kulala kitupu;
kinawaka nyekundu, kinadai.
Nikaongeza pauni nane.
Kwa nini nane?
Hesketh ndiye aliyezungumza mwisho.

Mkataba wa Barnsley ulifuata namba yangu, tani elfu nne.
Wakati ule sikuzidisha.
Nazidisha sasa, nyuma ya bahasha ya bili ya maji:
pauni elfu thelathini na mbili.

Novemba tanuri likazimwa.
Tanuri la kioo si jiko la mkaa, ulifunike jivu, ulipulize asubuhi.
Likipoa, kioo hugandia tumboni mwake
na matofali hupasuka usiku, mojamoja.
Mkubwa anasema ni gesi iliyowamaliza;
pauni nane ni chumvi kwenye mchuzi.
Labda. Hana sababu ya kunidanganya.
Hata hivyo nimemsikiliza kama ninavyomsikiliza Hesketh,
nikatoa kidogo.

Leo nimepiga namba ya Bi Oldroyd kwa mazoea ya kidole.
Inaita. Hawajaikata.
Inaita juu ya meza ambayo huenda imekwisha kuuzwa,
na mimi nasikiliza nikingoja kikohozi.

Hesketh hakuanza na mvua.
Alisema, "Hata sijui, andika unachoona,"
na hilo, katika miaka sita, ndilo neno la kwanza
ambalo sikujua nilipunguze kwa kiasi gani.

Kisanduku kinawaka.
Naandika mia tatu na tatu.
Naandika: imara.
Penseli imeanguka. Naisikia inakwenda.