Jina la Kesha

Aliingia saluni kwangu Kirumba saa nne asubuhi,
nesi wa Kimarekani aliyekuja Bugando kwa miezi miwili,
mweusi kuliko mimi, na Kiswahili cha kuokoteza:
"Dada, suka. Ndogo ndogo. Mimi iko na muda."
Saa saba nzima za rasta,
umeme ukikatika, ukirudi, ukikatika,
na harufu ya dagaa kutoka Mwaloni
ikichungulia mlangoni kama mteja asiye na hela.

Nikamuuliza jina. Akasema, Lakeisha.
Nikauliza maana, maana kwetu
jina halizaliwi bila sababu:
Kabula alikuja na mvua,
Shija aliwafuata mapacha,
mama mkwe wangu ni Kalekwa, aliyeachwa:
baba yake alikwenda mgodini Mwadui kabla hajazaliwa
na mpaka leo hajarudi.

Alicheka, kichwa kikatikisika, nikapoteza mstari.
"Maana hakuna. Mama alilitengeneza."
Jikoni, mimba ya miezi minane, miguu imevimba,
akizijaribu sauti ulimini kama mtu anayeonja chumvi:
hii *La* ikae mbele; hii *sha* iache mwisho,
iburuzike kidogo kama gauni la harusi.
Jina la ukoo lilikuwa la mtu aliyewaandika babu zao
kwenye daftari, pamoja na nyumbu na majembe.
Hilo hawakuweza kulivua.
Basi mama akataka la kwanza lisiwe la kurithi,
lisiwe limewahi kuitwa na bwana yeyote kutoka barazani;
jipya, bado lina lebo ya dukani.

"Shuleni walilicheka," akasema.
"Barua za kazi, walisoma jina, wakaishia hapo."
Kisha akanyamaza.
Nikachovya ncha za nywele kwenye maji ya moto,
moja moja.

Novemba nikajifungua. Usiku kucha
nimeshikilia chuma cha kitanda, hospitali ya mkoa,
na mama mkwe kwenye benchi la nje, thamosi ya uji mapajani,
hakufumba hata jicho moja.
Kulipokucha nikamwambia jina.
"La-ke-nani? Mizimu itamwitaje huyu?
Itajuaje kama ni wetu?"
Alitaka Nyanzobe, jina la mama yake.
Mume wangu Masalu akajifanya anatafuta chaja.

Karani wa vizazi aliandika kwa kidole kimoja.
Aliruka herufi, sijui kwa uchovu au kwa makusudi,
cheti kikatoka: LAKESHA.
Nilitaka kugomba. Mama mkwe akakichukua.
Kusoma alijifunzia ngumbaru, husoma kwa kunong'ona.
Akanong'ona mara moja, mara mbili,
akaweka ukucha katikati ya jina
kama anayegawa sato kwa watu wawili:
"La. Kesha."
Akanitazama. "Jina la kesha.
Kwani hatukukesha?"

Tangu siku hiyo hakuna anayeliita kwa sauti kumshinda.
Husimama juu ya jiwe nyuma ya choo, huku Kitangiri mlimani,
akaliachia, Lakeshaaa,
nalo likashuka jiwe kwa jiwe, likapita mabati ya watu,
likamkuta mtoto kwa muuza maandazi, mdomo umejaa.

Nesi aliniachia namba. Haipatikani.
Sijamwambia kwamba jina lake lisilo na maana
limepewa maana huku, kwa kosa la karani na bibi mmoja mbishi.
Sijui angefurahi,
au angesema: nirudishieni lilivyokuwa,
tupu, langu.

Mtoto sasa ana miaka minne.
Jana alinifuata saluni, sare imejaa vumbi,
akauliza kwa nini darasani kuna Neema watatu
na yeye yuko peke yake.
Nilikuwa na uzi mdomoni, kichwa cha mtu mikononi.
Nikamwonyesha kwa kidole: kaa hapo,
nimalize mstari huu.