Dirisha la Maulizo, Sealdah

Dirisha langu lina tundu la duara
na chini yake upenyo wa kupitishia chenji,
ingawa hapa hakuuzwi kitu.
Hapa watu huuliza tu.
Treni ya Bongaon imetoka? Imetoka.
Choo kiko wapi? Kushoto, lipa kwanza.
Mwanangu amepotea, ana shati la njano.
Sogea kwenye kipaza sauti, mama. Taja jina lake.

Reli huingia Kalkuta na haraka zote za mashamba,
halafu, hatua arobaini kutoka kiti changu,
zinakoma.
Vyuma viwili, kizuizi chekundu, ukuta,
na mbwa aliyelala hapo kana kwamba amepewa cheo.

Kabla hakujapambazuka huja treni ya Canning.
Wanawake wanashuka mbio, ndala mkononi,
kila mmoja na nyumba zake tatu za kuosha vyombo
kabla jua halijawa kali.
Wanafuata samaki ndani ya madebe, mikia ikichapa maji,
kisha jibini mbichi vitambaani,
ikidondosha mstari mweupe jukwaani
hadi mlangoni kwa Modak muuza halwa.
Saa moja, makarani. Saa mbili, wanafunzi.
Saa tatu naomba dakika moja ya chai,
na siipati.

Walionitangulia waliniachia daftari la jalada jeusi.
Kurasa za mwanzo, mwandiko wa kujivuna:
marobota ya juti, masanduku ya chai,
mabibi wa Kiingereza wakipelekwa Darjeeling
wasije wakayeyuka.
Halafu arobaini na saba, nchi ikapasuliwa,
na mwandiko unaanza kukimbia:
*Jukwaa la pili, familia mia na zaidi.
La tatu, hatujahesabu.
Bomba la maji, moja.
Mtoto kazaliwa kando ya mizani ya mizigo. Hakupimwa.*

Bibi Hemnalini huja Jumanne, akitoka kuchukua dawa.
Hasalimu. Huinamia tundu:
"Treni ya Khulna ni saa ngapi?"

Mwaka wa kwanza nilimjibu kikarani:
ilifutwa, mama, vita vya sitini na tano.
Mwaka wa pili: leo haipo.
Wa tatu, nimechoka, foleni imefika mlangoni,
nikasema: imechelewa.
Akatikisa kichwa taratibu,
kama mtu aliyeambiwa ukweli hatimaye.

Alishuka hapa ana miaka tisa,
amebeba kikata popoo cha bibi yake
kwa kuwa ndicho kilichokuwa karibu na mlango.
Miezi kumi na mmoja, nguzo ya kumi na nne.
Mama yake alichora nyumba sakafuni kwa chaki:
huku jikoni, huku wageni, huku baba akirudi.
Na watu, ananiambia, walikuwa na adabu zao:
hata kuli mwenye mzigo kichwani
alisimama kwenye chaki
akapiga hodi.
Usiku wafagiaji waliifuta nyumba.
Asubuhi mama aliijenga tena,
siku nyingine akiongeza dirisha.

Juzijuzi ukaja waraka wenye mihuri mitatu.
Treni ya Khulna imerudi.
Nikaisubiri Jumanne kama mwenye deni anayetaka kulipa.
Alipoinama sikumngoja aulize:
"Ipo, mama! Alhamisi, asubuhi. Chukua pasipoti."

Akanyamaza. Nyuma yake mtu akaguna.
"Inaondokea jukwaa gani?"
"Si hapa. Chitpur, kile kituo kipya."
Akakaza fundo la mfuko wake wa dawa,
akatazama kule nguzo ya kumi na nne ilipo,
imepakwa rangi ya kijani sasa, ina tangazo la simu.
"Mimi," alisema, "sikushukia huko."

Kisha kwa upole, kama anayeniombea radhi:
"Basi ya hapa ndiyo bado imechelewa?"

Bado, mama.

Anayefuata.
Ranaghat? Jukwaa la tano, kimbia.