Gauni Lililokuwa Jekundu

Mimi ndiye niliyelishona,
kwa hiyo niaminini: lilikuwa jekundu.
Mita nne za hariri kutoka duka la Nassif, Msiria,
kwa mkopo ambao Ondina hakuumaliza.
Nyekundu ya buni mbivu
siku moja kabla ya kuchumwa.

Ubá, Minas, mwaka wa ishirini na tatu.
Bertolazzi, mpiga picha za harusi na za maiti,
alikuja na sanduku lenye mkono wa kuzungusha
akamsimamisha dada yangu kwenye daraja la reli.
Jina la ukoo baba alikuwa amemkataza kulitumia,
hivyo kwenye bango akaandikwa Lia, basi.
"Lia!" akaita Bertolazzi, na Lia akalia,
mara saba, kila mara chozi la kweli,
huku mbuzi wa mtu akimla ua la kofia.

Kimya kingi kina mshindo, husemwa.
Mshindo wa kimya kile ulikuwa krr, krr, krr,
kama mtu asagaye kahawa chumba cha pili.

Sasa, utepe ule haukuzijua rangi.
Buluu uliiona nyeupe.
Nyekundu uliiona usiku.

Jioni ya maonyesho tuliazima mabenchi ya kanisa
(padri aliambiwa ni ya mnada).
Baba, mfamasia, alisimama mlangoni na kofia kichwani
ili kesho aape kwamba hakuketi.
Taa zikazimwa, dada yangu akatokea
mrefu kuliko nyumba yetu,
na mji mzima ukamwona mjane.
"Masikini," akasema Dona Etelvina nyuma yangu,
"amefiwa na nani?"
Katika hadithi alikuwa anakwenda dansini.
Nikauma ulimi. Pindo lile! Usiku kumi na mmoja
nilipofuka macho kwa pindo lile!
Ondina akacheka ndani ya leso, akaninong'oneza:
"Waache. Hata mimi sikujua kama nimefiwa."

Alicheza mbili zaidi. Kisha sinema ikapata sauti,
na ya kwake, walisema, ilinuka zizi.
Akarudi nyuma ya kaunta ya baba,
akipima chumvi ya haluli kwa vijiko
kwa watu waliowahi kumlilia.

Mikebe yake iliuzwa kwa kilo
kwa kiwanda cha vitana.
Huchemsha utepe, hutoa fedha yake,
kinachobaki hukitia meno.

Ninacho kimoja, rangi ya maziwa yaliyochacha.
Huenda ni chake, huenda si chake.
Asubuhi nachana mvi zangu
na sijui ni daraja linalopita kichwani,
au mbuzi, au shavu.
Jino likikatika nalitia kwenye kopo la vifungo,
palipo na kipande cha hariri kilichobaki,
upana wa kidole kimoja na nusu.

Njoo mchana ukione. Chekundu.