Etisare

Nilimtoa kwenye belo la mitumba, mnada wa Kitangari,
elfu mbili na mia tano, baada ya kubishana hadi jua likanichoma kisogo.
Jezi ya kijani, kola imelegea, kwapani uzi wa rangi nyingine
(kuna mtu huko Uhispania aliwahi kuishona),
mgongoni namba nne, na juu ya nne jina la mwenyewe:
ETXAR, pengo, E. Herufi moja ilibanduka njiani.
Namtimba, golikipa wetu, akalitafuna, akalitema:
"Etisare!"
Toka Jumapili ile jina nililopewa jandoni
likabaki la mama yangu na la karani wa ushirika.

Beki haandikwi gazetini mpaka ajifunge.
Ndiyo maana habari zake zilinifikia kwa matone,
kama maji ya bomba hapa Newala:
leo kidogo, kisha miezi miwili bomba linakoroma tu.
Mwalimu Hokororo alikuwa na simu ya kupangusa,
akinisomea, tumeegemea ukuta wa darasa la sita.

Kwamba alizaliwa mji wa viwanda vya chuma, mvua kila siku.
Kwamba klabu ilimchukua ana miaka kumi na mitano
na kabla hajakomaa ikamkopesha, mara tatu,
kwenye viwanja vyenye jukwaa upande mmoja.
Nikasema, hiyo si ndiyo kangomba?
Kununua korosho ikiwa bado ua mtini,
mwenye shamba ana njaa, mwenye hela ana kipimo chake.
Mwalimu akacheka. "Wenzetu wanaandikiana mkataba."

Kwamba alicheza ligi kuu msimu mmoja na nusu.
Mechi ishirini na sita. Mabao, hakuna. Kadi za njano, tisa.
Kadi tisa! Nikazihesabu kama watoto wa ndugu yangu.

Nilimwona mara moja. Banda la video la Chitanda,
kiingilio mia tatu, televisheni imefungwa waya isidondoke.
Dakika ya themanini na nane wakamwingiza kulinda bao.
Nikasimama: "Huyo! Huyo!" Watu: "Kaa chini, unaziba."
Akagusa mpira mara mbili. Wa kwanza kwa kichwa, nje.
Wa pili aliubutua juu, juu kabisa,
mpira usio na anwani,
na hapo hapo umeme ukakatika.
Nilirudi nyumbani ukungu umeshuka, sioni hata vidole.
Mpira ule mpaka leo uko hewani.

Goti lake lilikwisha Machi. Langu Agosti mwaka huo huo,
fainali ya kugombea mbuzi, winga wa Tandahimba.
Hakupita.
Yeye walimpasua madaktari watatu.
Mimi nilikandwa maji ya moto, chumvi na lawama.

Sasa napima korosho kwenye ghala la ushirika.
Nachota sampuli, naikata mbegu katikati:
hii safi, hii ina madoa, hii imeoza ndani na ganda linang'aa.
Kazi ile ile, kusimama mlangoni na kusema hapana.
Wakulima hawanipendi. Mnunuzi hanijui.
Siku nikikosea ndipo wataniandika.

Juzi Mwalimu kaja na baiskeli, anahema.
Yule mtu amestaafu. Miaka thelathini na nne.
Mistari minne, picha ya zamani, basi.
"Halafu," akasema, "nimesikia wanavyolitamka.
Hiyo T na X kwao ni cha. Echarte."

Nikalirudia polepole. Echarte.
Mgeni kabisa. Mtu wa mvua na chuma,
hanidai, simdai.
Basi Etisare ni nani, aliyeitwa misimu kumi na moja,
aliyeambiwa rudi, panda, shika huyo, usimwachie?

Jezi ipo. Naivaa nikipuliza salfa,
kijani imekuwa unga wa njano, nne bado imeshika.
Watoto wakipita njia ya shambani wanapaza sauti,
"Etisareee!"
Nageuka. Nani mwingine ageuke?