Hili la Nani?

Mahindi yalifika Handali Jumanne, mwezi wa pili,
magunia kumi na tisa, moja limetobolewa njiani.
Uwele ulikuwa umeungua kabla haujafika gotini
na mawingu yalitupita kama wageni wenye haraka,
mbukwenyi, mbukwenyi, bila kusimama.

Sechele, mwenyekiti wa kitongoji, alitandika turubai,
akapima kwa sado, akakwangua juu kwa rula,
rula yangu ya darasani,
mpaka yakakaa mafungu sitini na matatu.
Kisha akaniita: "Mwalimu, wewe mgeni,
huna shangazi hapa. Geuka. Tupe mgongo."

(Miaka mitatu, na bado mgeni.)

Ndivyo walivyogawa nyama ya yule ng'ombe aliyevunjika mguu:
mmoja hugeuka asione,
mwingine hugusa fungu kwa fimbo na kuuliza,
na asiyeona hutaja jina.
Hakuna wa kulaumiwa. Mgongo hauna macho,
na asiye na macho hana mjomba.

Nikageuka. Mbele yangu kilima cha mawe,
mbuzi mmoja, tembe la Yusta lililomeguka pembe.
Nyuma yangu, fimbo.

Hili la nani?
La Danford.
Hili la nani?
La Foibe.
Hili?
La Ndahani. La Mbeleje. La mjane wa Chibago.
Nikalitaja na jina langu kwa sauti ileile,
nisijue kama nimepata la katikati
au la pembeni lililochanganyika na mchanga.

Nikawaza: kumbe hii ndiyo yenyewe.
Mgawaji asiyejua lipi litakuwa lake
atakwangua kila sado kana kwamba ataila yeye.
Ubaoni nimeandika mara ngapi, Binadamu wote ni sawa, nukta,
watoto wakanakili, nukta,
wala sikuwahi kuiona sentensi ile ikifungwa kwenye kitenge
ikapelekwa nyumbani kupikwa.

Nilipogeuka, watu walikuwa wanaondoka.
Danford, mwenye duka, mwenye mashine ya kusaga,
yeye na mkewe tu, fungu lao kwapani, mkono mwingine simu.
Foibe naye fungu moja.
Wajukuu saba.
Mama yao yuko mjini, au yuko kaburini,
inategemea unamuuliza nani.
Fungu lilelile. Rula ilipita.

Jioni aliyapeleka mashineni kwa Danford,
na kwa kuwa hana hata mia,
alilipia kusaga kwa mahindi yenyewe:
katika kila vibaba vinne, kimoja kilibaki.
Hakuna aliyeiba.
Hapo ndipo panaponinyima usingizi.
Bei iliandikwa mlangoni kwa chaki, kila mtu aliiona,
nami ndiye niliyempa chaki.

Nilikwenda kwake kusema pole, sijui pole ya nini.
Akanikaribisha kigoda, akaendelea kupepeta.
"Hukukosea, mwalimu. Jina langu ulilitaja vizuri.
Mgongo wako umetutosha wote."
Akapuliza makapi.
"Una na macho lakini, au?"

Mwezi wa nne lori jingine.
Turubai lilelile, Sechele na rula:
"Mwalimu, geuka."
Sikugeuka.
Nikasema tuhesabu midomo kwanza, ndipo mafungu.
Danford akakohoa. Mtu akacheka kando.
Sechele akaniangalia kama mwanafunzi aliyerukwa kwenye mahudhurio,
akasema, haya, basi, tazama, useme.

Nikatazama.
Na macho yangu, niseme ukweli,
hayakwenda kwa Foibe.
Yalikwenda moja kwa moja kwa Mbeleje,
aniletaye mlenda Jumapili,
aliyenilaza kwake siku nilipougua homa.
Shangazi nimempata, na sikuwa na habari.

Fimbo ya Sechele imesimama juu ya fungu la kwanza.
Jua linachoma utosi. Watu sitini na zaidi kimya.
Kuku mmoja ameingia kwenye turubai, anadonoa,
na hakuna anayemfukuza.

"Hili, mwalimu. La nani?"