Kelele Iliyobaki

Santuri imefika kwa posta toka Winnipeg:
nyimbo kumi na saba tulizorekodi kwa kanda
chini ya nyumba ya akina Prokopchuk.
Jaladani yupo Lorne, yupo Thérèse, yupo Dmytro,
na mimi mkono tu, umeshika waya.

Fundi ameandika: nimefuta kelele zote
isipokuwa moja, imegoma.
Ni tanuri la kupasha nyumba joto.
Nje baridi ya kupasua meno,
nalo liliwaka kila baada ya dakika tatu, likinguruma,
basi tukatunga nyimbo za dakika mbili na nusu.
Magazeti yakauita ufupi ule falsafa.

Wimbo wa tisa, Lorne anaingia kabla ya zamu yake,
Thérèse anacheka, ngoma haisimami.
Kisha mlango wa juu unakwaruza,
na mama yake Dmytro, marehemu sasa, anauliza:
"Viatu vya nani hivi vimeleta theluji—"
Kanda inakatika.

Kijitabu kinauita Wimbo Usio na Jina, Namba Tatu.
Jina ulikuwa nalo. Dmytro amenipigia mara mbili kuuliza;
nimemwambia nimesahau.

Narudisha sindano nyuma.
Viatu vya nani hivi.
Vyangu, mama. Navivua.