Kuonja

Miaka sita nilitembea na daftari la jalada gumu
na kalamu nyekundu iliyofungwa uzi shingoni.
Tarehe tisa: Mbwana, trei mbili zimeungua.
Tarehe kumi: Nyamizi, kachelewa dakika kumi na nne,
kasingizia mafuriko ya Jangwani.
(Mafuriko yalikuwepo kweli. Niliandika hivyo hivyo.)

Usiniulize mazuri niliyaandika wapi.
Baba alinilea kwa methali moja, tena akiikata nusu,
nusu ya pili tuimalizie wenyewe kwa adabu:
mgema akisifiwa...
Basi kiwandani kwetu Buguruni, zamu ya usiku,
hakusifiwa mtu,
na tembo, nilidhani, limebaki safi.

Hadi siku ile umeme uliporudi saa nane
tukakuta madonge yote yamechacha,
yamefura kama shavu lenye jino bovu,
yanamwagika mabeseni.
Sikudhani wa kufungasha akasema taratibu,
bila kuniangalia:
"Harufu niliisikia tangu saa saba."
Mbona hukusema?
"Ningesema, ungeandika."

Feni tu ndiyo iliyoendelea kuzungumza.

Nilifika Vingunguti alfajiri, sikulala.
Nikaigeuza ile methali kama mtu anayetafuta tundu kwenye ndoo.
Sawa, mgema alitia maji.
Lakini yule aliyemsifu, aliwahi kuonja?
Au alisifu akiwa mlangoni, funguo mkononi,
"kazi nzuri jamani, kazi nzuri," akaenda zake?
Sifa isiyoonja ndiyo iliyotia maji kwanza.
Mgema alifuata tu kipimo.

Usiku wa pili nikamega mkate wa kwanza,
ukaniunguza ulimi.
Nikamwambia Mbwana: hapa pembeni umeivisha sawasawa,
na tanuri la kushoto lina joto la kichaa,
unaliwezaje?
Akanitazama kama mtu aliyekabidhiwa barua ya kuachishwa.
Wakanong'ona: bosi anaumwa.
Bosi kaokoka.
Bosi anataka tufanye kazi Idi bila malipo.
Sikuwalaumu. Wino wa miaka sita
haufutiki kwa kipande cha mkate.

Kiangazi kizima kikapita.
Kisha Mbwana akaeleza: tanuri yeye hulisikiliza, haliangalii,
mlango hulia kabla joto halijazidi.
Nyamizi akaomba kijana mpya akande naye,
maana mikono yake, alisema, inajua kitu
ambacho kinywa hakijakijua.
Festo wa guta akarudi na salamu za mama lishe wa Karume:
mkate wenu siku hizi ukichovywa haumeguki.
Na Sikudhani, jamani, Sikudhani
hupiga kelele toka mwisho wa ukumbi,
"Chumvi! Nani kasahau chumvi?"
nasi tunamshukuru, halafu tunaitafuta chumvi.

Mshahara haukupanda hata shilingi.
Nimekwenda ofisini mara tatu kuuombea,
nitakwenda ya nne.
Neno jema si ugali, na sitawadanganya.

Daftari bado lipo,
linaning'inia msumarini karibu na mizani,
kalamu ni ya yeyote.
Jana nimekuta mwandiko usio wangu,
umeinama kulia, una alama ya siagi:

"Leo nimeunguza trei moja.
Nilikuwa nacheka.
Mbwana."